Mwanamke Aliyeimbwa Natta

Natta,
8 Machi 1953

Mdogo wangu Nashoni,

Pokea salamu zangu nyingi. Mimi ni mzima isipokuwa bega, nitakueleza. Habari za Turwa, habari za kazi ya boma, na Regina mkeo hajambo? Mama huko Nyarero ulimwona lini? Mwambie binti yake bado anapumua.

Usiucheke mwandiko. Mkono wa kulia hauinuki, kwa hiyo naandika nimeegemeza kiwiko kwenye sanduku la nguo. Karatasi nimepewa na mwalimu Hezekia wa misheni, na ndiye atakayemkabidhi dereva wa lori barua hii.

Nashoni, nimeua simba.

Ilikuwa asubuhi ya mvua. Wanaume wote walikuwa wamekwenda mnadani. Unajua tangu Simoni wangu afe, na mimi sikuzaa, wale ndama watano ndio watu wangu wa kuongea nao. Nikasikia zizi limenyamaza. Si kelele iliyonitoa ndani, ni kule kunyamaza. Nikatoka na mkuki wa Simoni uliokuwa nyuma ya mlango, nikamkuta mnyama keshavuka uzio wa miiba, amesimama katikati ya ndama kama mtu anayechagua.

Watu wananiuliza nilifikiri nini. Nilifikiri yule ndama mwekundu hajaachishwa ziwa. Basi. Nikapiga goti, nikachomeka mpini kwenye matope, ncha nikaielekeza juu, jinsi baba alivyokuwa anakufundisha wewe uani na mimi nikichungulia kutoka ghalani. Akanirukia. Mkuki ukamwingia kifuani, mpini ukavunjika, akanilalia mzima mzima. Nilikaa chini yake mpaka jirani yangu Magige aliporudi na wenzake wakanivuta kwa miguu. Nilidhani nimekufa, nikawa nashangaa kumbe maiti anasikia harufu.

Sasa hapa hapakaliki. Wazee wamenikalisha kwenye kigoda cha wanaume, wakanipa nyama ya kidari ambayo mwanamke hapewi. Athanas amepiga nyuzi za litungu lake akatunga wimbo, anasema Natta ilikuwa na wanaume mia wakaokolewa na sketi moja. Watoto wanauimba wakienda kuteka maji.

Njoo mdogo wangu. Watu wanauliza, ndugu zake wako wapi?

Ni mimi dada yako,
Mokami


Turwa, Tarime,
2 Mei 1953

Kwa dada yangu mpendwa Mokami binti Mseti,

Shikamoo dada. Ni matumaini yangu kwamba bega linapona na kwamba barua hii itakukuta katika hali njema. Sisi huku hatujambo. Regina anakusalimu sana, ana mimba ya miezi minne.

Dada, wimbo umefika soko la Tarime kabla ya barua yako! Nilikuwa nanunua chumvi, nikamsikia mtu akiupiga, na jina la baba yetu limo ndani. Nikamwambia muuza chumvi, "Huyo anayeimbwa ni dada yangu, tumenyonya ziwa moja." Akakataa kupokea hela yangu. Kule ofisini makarani wenzangu wameacha kuniita Nashoni, wananiita Shemeji wa Simba. Hata bwana mkubwa aliniita akataka nimsimulie, nikamsimulia kwa Kiingereza, naye akagonga meza.

Nilikwenda Nyarero kumweleza mama. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kama una mtu wa kukuchotea maji wakati bega linauma. Nikamwambia kijiji kizima kinakuhudumia. Akarudia kupepeta wimbi wake.

Kuja siwezi mwezi huu, kuna hesabu ya kodi. Lakini nakutumia blanketi na dawa ya kupaka. Na wewe nitumie kucha moja ya huyo mnyama niiweke juu ya meza yangu ofisini, kila anayeingia aione.

Wako mdogo wako mtiifu,
Nashoni


Natta,
19 Agosti 1954

Mdogo wangu Nashoni,

Salamu kwako na kwa Regina, na kwa mtoto ambaye sijamwona. Nimesikia mmempa jina la baba. Mmefanya vema. Je, meno yameota? Mama anaendeleaje na miguu? Mimi mwili haujambo.

Kucha niliyokutumia mwaka jana ulisema ilifika. Ninazo nyingine sasa. Simba wameshakuwa watatu. Wa pili alikuwa akila ng'ombe upande wa Issenye, wakaja wanaume saba kunichukua, wote na mikuki yao, wote vijana. Nilipowauliza mbona wasimfuate wenyewe, walicheka wakasema, "Mama, sisi tutakushika mkono." Wa tatu alikuwa mzee hana meno, nilimwonea huruma.

Nataka kukuambia kitu ambacho siwezi kumwambia mtu hapa.

Zamani asubuhi wanawake walikuwa wanapita mlangoni kwangu wanapiga kelele, "Mokami! Kuni!" na mimi natoka na kamba yangu tunakwenda, tunasengenya waume zao njia nzima. Siku hizi wanapita kimya. Nikiwakuta mtoni wanasimama kunipisha, wananiacha niteke kwanza. Nikiteka wananitazama. Nikisema jambo la kuchekesha wanacheka wote pamoja, haraka, kama watu walio mbele ya chifu. Juzi mmoja alijifungua, mtu ambaye mimi ndiye niliyemshika mgongo alipozaa wa kwanza, na hawakuniita. Nilipouliza wakasema, "Tungekusumbuaje wewe kwa kazi ndogo namna hiyo?"

Wanaume nao hunipa kigoda, wananipa kidari, kisha wanaongea mambo yao juu ya kichwa changu.

Jioni nakaa na ndama. Yule mwekundu sasa ni mtamba.

Usidhani nalalamika. Naona tu nikuandikie. Na lini utakuja? Umesema miezi mitatu, ikawa sita, sasa ni mwaka.

Dada yako,
Mokami


Turwa, Tarime,
11 Februari 1955

Kwa dada yangu Mokami,

Shikamoo. Natumaini hujambo na mifugo haijambo. Huku tu wazima, mtoto anatembea akishika ukuta. Mama miguu inamsumbua lakini bado analima kipande chake.

Dada, naandika kwa jambo moja la maana, nalo nakuomba ulipokee kwa utulivu. Habari zimefika hapa ofisini kwamba mipaka ya hifadhi inatazamwa upya, na kwamba bwana nyama, yule afisa wa wanyamapori, ameongeza askari upande wenu. Simba si mnyama wa mtu yeyote sasa, ni mali ya serikali. Mtu akimfuata ndani ya eneo lililofungwa bila kibali, anashitakiwa. Jina lako limetajwa. Limetajwa mbele yangu, dada, na mimi nimekaa na kalamu mkononi.

Na hata bila sheria, nakuambia kama ndugu, dunia imegeuka. Vijana hapa hawaimbi tena mikuki. Wanamwimba mtu aliyejenga shule, aliyewaunganisha wakulima wa pamba wakauza pamoja, anayeweza kusimama mkutanoni na kumjibu mzungu bila kutetemeka. Juzi mmoja aliniuliza, "Hivi yule dada yako bado anahangaika na wanyama?" Sikupenda alivyosema, ila nimeyafikiria.

Bwana mkubwa ananifikiria kwa nafasi ya karani mkuu. Nakuomba, weka mkuki chini.

Mdogo wako,
Nashoni


Natta,
27 Juni 1956

Mdogo wangu Nashoni,

Salamu. Hamjambo? Sikukujibu mwaka jana kwa sababu nilikasirika, na hasira ilipoisha niliona haya. Sasa nakuandikia na sina nafasi ya hasira wala haya.

Mtu amekufa mikononi mwangu.

Ulisema niweke mkuki chini. Niliuweka, Nashoni. Nilikaa msimu mzima sijaugusa. Mwezi uliopita Magige akaja na watu wengi, simba amemchukulia ng'ombe wawili wa maziwa. Nikawaambia nimezeeka, bega limekaza. Wakacheka. Wakaanza kuuimba ule wimbo pale pale uani kwangu, na Athanas naye alikuja na litungu lake. Ungekuwa wewe ungefanyaje? Ukweli ni kwamba niliogopa. Lakini neno hilo nililitafuta mdomoni sikulipata. Nani angeliamini? Wangedhani nafanya mzaha, wangecheka tena.

Tukaenda. Tulimfuata mpaka ng'ambo ya kijito, ambako sasa ni ndani ya mpaka, nami nikijua. Saa nne ya asubuhi tukamkuta kwenye majani marefu, jike, na watoto nadhani. Kulia kwangu alikuwa kijana anaitwa Nyangwine, ameoa juzi tu, mkewe anaitwa Gati. Alikuwa ameomba asimame karibu nami apate bahati. Nikapiga goti kama siku zote. Simba alipotoka, bega likakataa. Sikukosa shabaha, Nashoni, mkuki sikuuinua kabisa. Nilimwona anakuja na nikajikunja kama mtoto, akanipita juu, akamwangukia Nyangwine. Wenzetu ndio waliomuua yule simba, kwa mikuki tisa au kumi. Nyangwine tulimbeba, tulipofika kijitoni akawa hana uzito wa mtu aliye hai.

Hakuna aliyenitukana. Ningependa wangenitukana. Athanas alikata nyuzi za litungu lake mbele yangu, akaondoka. Gati alikaa kwenye mlango wa nyumba yake siku tatu, nikipita ananitazama kama mtu anayetazama mvua.

Kisha wakaja askari wa bwana nyama. Wakauliza nani alimfuata simba ndani ya mpaka. Wanaume wale wale ambao hawakutaka kutangulia mbele ya simba sasa wakapata sauti, wakasema, "Mokami ndiye mwenye kazi hiyo." Sikuwakatalia.

Kesi yangu itasikilizwa Musoma, Jumatatu tarehe 16 Julai. Sikuombi wakili. Sikuombi kitu cha kununuliwa. Nakuomba uje usimame nyuma yangu ndani ya chumba hicho, ili wakisema Mokami binti Mseti, awepo mtu anayejua huyo Mseti alikuwa nani.

Dada yako,
Mokami


Turwa, Tarime,
30 Julai 1956

Kwa Mokami binti Mseti,
kwa mkono wa bwana jela, Musoma

Shikamoo dada. Natumaini barua hii itakufikia na kwamba afya yako ni nzuri kwa kadiri inavyowezekana mahali ulipo.

Nimepata habari ya hukumu, miezi sita. Nimesikitika sana. Naomba uelewe kwamba wiki ile palikuwa na ukaguzi hapa ofisini, na ruhusa zote zilikuwa zimesimamishwa. Pia njia ya kuja Musoma kupitia Kirumi ilikuwa mbaya. Nilijaribu.

Miezi sita si mingi. Jitahidi kufuata amri zote, kwani wafungwa wenye tabia njema hupunguziwa.

Ndugu yako,
N. Mseti


Turwa, Tarime,
14 Novemba 1956

Kwa dada Mokami,

Shikamoo. Sijapata jibu la barua yangu, labda hamruhusiwi. Sijui niandike vipi hili.

Mama ametutoka Ijumaa iliyopita, huko Nyarero. Hakuugua kwa muda mrefu. Alikuwa ameketi ghalani akaomba maji, Regina alipoyaleta hakuyanywa. Tulimzika Jumapili.

Sikuwahi kumwambia ulipo. Nilimwambia umesafiri. Siku mbili kabla hajafa alinishika mkono akauliza, "Hivi yule msichana, bega lake lilipona?" Nikasema lilipona.

Nimekuwekea khanga yake moja na jembe lake.

Mdogo wako,
Nashoni


Turwa, Tarime,
20 Aprili 1957

Dada Mokami,

Shikamoo.

Umetoka jela tangu Desemba. Mwalimu Hezekia ameniandikia kwamba uko Natta na kwamba barua zangu zote mbili ulizipata. Kwa hiyo kunyamaza kwako ni jibu, nami nimelisoma vizuri. Hata hivyo nakuandikia hii, na baada ya hii sitakusumbua.

Hapakuwa na ukaguzi. Njia ya Kirumi ilikuwa nzuri, malori yalipita kila siku.

Barua yako ilipofika niliomba ruhusa. Bwana mkubwa, si yule niliyemsimulia habari zako, huyu alikuja baadaye, akauliza ya nini. Karatasi za kesi yako zilikuwa zimepitia mezani kwetu, alikuwa amezisoma. Akaniambia, "Huyu mwanamke jangili ana jina la baba yako. Ni ndugu yako?" Makarani wenzangu walikuwa wameacha kuandika. Nikasikia mdomo wangu unasema, "Hapana, bwana. Ni ukoo tu. Kwetu watu wengi wanaitwa Mseti."

Akasema vizuri, basi huna haja ya ruhusa. Nikarudi kukaa. Ile kucha ilikuwa pale juu ya karatasi. Niliitia mfukoni, na jioni nikaitupa chooni.

Mwezi wa tisa nilipewa ukarani mkuu. Wenzangu wanajua. Hawaniiti tena kwa jina lolote la utani, wananiita bwana. Nikiingia wanasimama. Regina nilimwambia, akalala chumba cha mtoto mwezi mzima.

Wewe ulijikunja mbele ya simba. Mimi nilijikunja mbele ya mtu mwenye miwani, aliyekuwa anakunywa chai.

Sina zaidi. Siombi unisamehe kwa barua.

Nashoni


Natta,
5 Machi 1958

Mdogo wangu Nashoni,

Salamu. Hujambo? Regina hajambo na mtoto? Mimi nipo. Magoti yameanza kama ya mama.

Barua yako nilikaa nayo karibu mwaka. Nilikuwa naisoma, naikunja, naiweka. Sikuwa nimekataa kukujibu, nilikuwa sina kitu cha kuweka ndani ya jibu. Sasa nitakueleza nilivyoishi, ujue.

Nilipotoka jela nilikuta ng'ombe wangu wamechukuliwa na ndugu za Simoni, wakidhani sitarudi. Mtamba mwekundu aliuzwa. Nyumba ilikuwa imeingia mchwa. Nikaenda kuomba kazi kwenye kambi ya wageni, hapa mbele kidogo, wazungu wanaokuja na magari kuwinda kwa vibali. Msimamizi ni mtu anaitwa Nikolaus. Nilikuwa nafua mashuka. Siku moja akanijia anacheka. Wageni wameua simba mkubwa kwa bunduki, wakiwa garini, na yeye amewasimulia habari zangu. Wanataka picha.

Nilikwenda. Akanipa mkuki wa kupambia ukuta, hauna makali hata ya kukata embe. Akasema, "Piga goti, mama, fanya kama ulivyofanya siku ile." Nikapiga goti mbele ya maiti ya simba ambaye sikumjua. Mzungu mmoja mwanamke akasema kitu, Nikolaus akatafsiri, "Anasema ukunje uso, uonekane mkali." Nikakunja uso. Walipomaliza goti likakataa kuinuka, wakacheka kidogo, wakanivuta kwa mikono yote miwili.

Nilifanya hivyo mara sita, Nashoni. Ndiyo kazi niliyokuwa nayo mwaka jana wakati wewe unangoja barua. Watu wa kijiji walijua. Mtoto mmoja alinipita njiani akapiga goti akakunja uso, wenzake wakavunjika mbavu.

Asubuhi, kabla ya kwenda kambini, nilikuwa napita shambani kwa Gati, mke wa marehemu Nyangwine. Nalima mistari miwili au mitatu naondoka. Sikumwomba. Yeye akiniona anaingia ndani anafunga mlango. Msimu mzima hivyo. Jembe ninalotumia ni la mama, lile uliloniletea kwa dereva. Asante kwa hilo.

Mwezi wa kumi na mbili simba akaja tena. Akachukua mbuzi kwa Magige, kisha mtoto wa mtu mwingine akajeruhiwa mguu. Askari wa bwana nyama waliitwa, siku nne hawakuonekana. Basi jioni ile, jua bado liko juu, watu wakaja uani kwangu. Wengine walikuja kwa shida, wengine walikuja kuona tu nitasema nini. Magige akasema, "Mokami, yaliyopita yamepita. Twende."

Nikasimama mlangoni. Nikasema, "Naogopa. Siendi."

Wakadhani hawakusikia. Nikasema tena, "Naogopa. Niliogopa hata siku ile ya Nyangwine, kabla hatujatoka hapa uani. Nilijua bega haliwezi. Sikuwaambia kwa sababu mlikuwa mnaimba."

Mtu akatema mate. Kijana mmoja akasema, "Kumbe tulikuwa tunamwimba mwoga." Magige akawaambia wenzake, "Basi twendeni wote, hakuna wa kutangulia." Wakaenda watu arobaini na madebe na moto, wakamfukuza akavuka kijito, hakufa mtu wala simba. Mimi nilibaki, na ndani ya nyumba kulikuwa kimya kiasi kwamba nilisikia mchwa.

Kesho yake nilikwenda shambani kama kawaida. Gati alikuwa amesimama pale, hakuingia ndani. Alikuwa amesikia. Akaniambia, "Ungesema, mama."

Nikamjibu, "Ningesema."

"Nyangwine naye alikuwa anaogopa. Aliniambia asubuhi ile. Akasema lakini Mokami yupo."

Akakaa chini kwenye matuta akalia, kilio alichokuwa hajalia. Mimi nilisimama, sikujua kama naruhusiwa kumgusa. Baadaye nikaendelea kulima.

Kambini nimeacha. Nikolaus aliniambia yuko mwanamke mwingine wa kushika mkuki, kijana zaidi. Sasa nalima kwa Gati kutwa, naye ananionyesha pa kuanzia. Hatuongei sana. Wimbo wangu hauimbwi tena, hata na walevi.

Sasa wewe. Unasema ulinikana kwa woga. Naujua huo woga unavyoshika ulimi, labda naujua kuliko mtu yeyote aliyekupigia simulizi za ujasiri. Kwa hiyo sikukasirikii kama unavyodhani. Lakini mama amezikwa akiamini nimesafiri, na siku ile Musoma waliposoma jina la baba niligeuka nyuma, nikaona ukuta. Hayo hayafutiki kwa karatasi. Usiniandikie tena, Nashoni. Kama una neno, lilete kwa miguu.

Mimi,
dada yako


Natta, mlangoni kwako,
Alhamisi, 22 Mei 1958

Shikamoo dada,

Uliniambia nisiandike. Nimekuja kwa miguu, tangu duka la Mhindi ambako lori lilituteremsha, lakini nimekuta mlango umefungwa kwa kamba. Naandika hii nimeketi kizingitini, karatasi juu ya goti, ili kama nitalazimika kuondoka kabla hujarudi niipitishe chini ya mlango, ujue nilifika.

Ni mara ya kwanza naiona nyumba yako. Nilidhani ni kubwa. Wimbo uliifanya kubwa.

Nilikuwa sijui nimwulize nani. Wanawake watatu walipita na kuni, wakasimama. Mmoja akaniuliza kwa Kikurya kibovu, "Bwana, wewe ni wa serikali?" kwa sababu ya koti na viatu. Nikasema hapana. "Unamtafuta Mokami kwa kesi gani tena?" Nikawaambia sina kesi, mimi ni mdogo wake, mama mmoja baba mmoja. Wakatazamana. Yule mkubwa akasema, "Hatukujua kwamba ana mtu." Hakusema kwa ubaya. Aliweka kuni chini, akaniambia uko shambani kwa Gati, ng'ambo, nawe hurudi jua likishazama, kisha akaingia kwake akaniletea maji.

Nimefikiria kukufuata huko. Nikasimama mara mbili. Lakini huko ni kwa mjane wa Nyangwine, nami sina haki ya kufika kwenye shamba hilo na viatu hivi. Nitakungoja hapa.

Shida ni hii. Ruhusa yangu inakwisha leo. Nilipoiomba, bwana mkubwa mpya aliuliza naenda kumwona nani Natta, nikamwambia jina lako lote na niliyoyasema kwa mtangulizi wake. Aliandika kitu kwenye faili. Akanipa siku mbili tu, akasema nisipokuwa mezani kesho asubuhi nisirudi kabisa. Lori linarudi leo saa kumi, na lingine haliji mpaka Alhamisi ijayo.

Regina amekutumia unga wa wimbi na picha ya mtoto. Nimeziweka hapa kando yangu, kuku wako wameshaanza kuusogelea unga, nawafukuza.

Nilikuwa nimepanga maneno ya kukuambia. Njia nzima nilikuwa nayapanga, dereva akanitazama akadhani nasali. Nimeyasahau yote. Nimebaki kulitazama zizi. Miiba imeanguka upande mmoja na hakuna mnyama ndani, majani yameota katikati. Ningekuwa na panga ningeanza kuikata miiba mipya wakati nakungoja. Nitamwomba yule mama jirani.

Saa yangu inasema kumi kasoro dakika tano. Lori limepiga honi huko barabarani. Linanisubiri mimi, dereva nilimwambia.

Limepiga honi tena, ndefu.

Sasa nasikia linaondoka. Nimekaa.

Mdogo wako,
Nashoni